James Lansing: Fundi wa spika aliyeelemewa na hesabu

Herufi JBL tunazoziona kwenye spika nyingi zinatokana na jina la James Bullough Lansing, aliyezaliwa Illinois, Marekani, mwaka 1902. Mwaka 1927 alianzisha kampuni ya spika mjini Los Angeles pamoja na Ken Decker. Lansing alishika ufundi, Decker akashika fedha. Decker alipofariki katika ajali ya ndege mwaka 1939, hesabu ziliyumba, na mwaka 1941 kampuni ikauzwa.

Mwaka 1946 Lansing alianza upya. Spika yake ya D130, ya inchi 15, ilikuwa na koili pana ya inchi 4, ikatoa sauti kubwa na safi kwa umeme mdogo. Ndiyo maana mnunuzi asiangalie wati peke yake, bali pia aulize spika inatoa sauti kiasi gani kwa kila wati.

Bidhaa ilikuwa bora, lakini madeni yalimwelemea. Septemba 1949 alijiua. Bima yake ya maisha, dola 10,000, ilisaidia kuinusuru kampuni chini ya William Thomas.

Ndugu mkulima na mfanyabiashara, ufundi bila mtunza hesabu ni mavuno bila ghala.