Maisha ya Abebe Bikila ni funzo kwa walimu wa lugha

Wahenga walituonya kwamba hujafa hujaumbika. Methali hii hufunzwa darasani na kukaririwa kwa ajili ya mtihani, kisha husahauliwa uwanjani mwanafunzi mwenye mkongojo anapoitwa kwa ulemavu wake badala ya jina lake. Sijui ufafanuzi wa methali hiyo ulio bora kuliko maisha ya Mwethiopia Abebe Bikila.

Bikila alizaliwa tarehe 7 Agosti, 1932, akiwa mtoto wa mfugaji katika eneo la Shewa. Baadaye alijiunga na kikosi cha walinzi wa Mfalme Haile Selassie, na huko ndiko kocha Onni Niskanen, raia wa Uswidi, alikomnoa.

Mnamo Septemba 10, 1960 alikimbia marathoni ya Olimpiki mjini Rome miguu mitupu. Aliandamana na Rhadi Ben Abdesselam wa Moroko hadi karibu na mwisho, kisha akachomoka karibu na mnara wa Axum, ambao Waitaliano waliupora Ethiopia mwaka wa 1937 na ambao haukurejeshwa hadi 2005. Alimaliza kwa saa 2, dakika 15 na sekunde 16, muda ambao ulikuwa bora zaidi duniani wakati huo. Akawa Mwafrika mweusi wa kwanza kutwaa dhahabu ya Olimpiki.

Mwaka wa 1964 alikwenda Tokyo majuma machache tu baada ya kupasuliwa kidoletumbo. Mara hii alivaa viatu. Alishinda kwa saa 2, dakika 12 na sekunde 11, akawa mtu wa kwanza kushinda marathoni ya Olimpiki mara mbili. Mwaka wa 1968 kule Mexico jeraha la mguu lilimlazimisha kujiondoa njiani, na mwenzake Mamo Wolde akanyakua ushindi.

Wasimulizi wengi hukomea hapo. Mimi naona funzo kuu linaanzia hapo. Machi 1969, gari alilokuwa akiendesha lilipata ajali na Bikila akapooza. Alipelekwa katika hospitali ya Stoke Mandeville, Uingereza, ambako Daktari Ludwig Guttmann alikuwa ameanzisha mwaka wa 1948 michezo iliyozaa Paralimpiki. Mikono yake ilirudiwa na nguvu, miguu haikurudiwa. Mwaka wa 1970 alishindana huko kulenga shabaha kwa upinde, akiwa katika kiti cha magurudumu. Mwaka uliofuata alikuwa Norway, akishiriki mbio za magari ya theluji yanayokokotwa na mbwa. Mwaka wa 1972 alialikwa Olimpiki ya Munich kama mgeni wa heshima, na umati ukamshangilia. Alifariki Oktoba 25, 1973, akiwa na umri wa miaka 41.

Je, Bikila wa 1970 alikuwa mtu mwingine? La hasha! Hapa ndipo mwanaisimu ana neno la kusema. Wapo wanaolalamika kwamba maneno kama kiwete, kipofu na kiziwi yana kiambishi ki-, sawa na kiti na kisu, na kwamba Kiswahili kimewashusha watu hadi ngeli ya vitu. Malalamiko hayo yana uzito, na ndiyo maana ni bora tuseme mtu mwenye ulemavu. Hata hivyo, kijana na kiongozi pia wana kiambishi hicho. Zaidi ya hayo, tutazame upatanisho: Kiswahili sanifu husema kiwete amefika, wala si kiwete kimefika. Umbo la neno hubadilika, lakini kitenzi hushikilia kwamba anayetajwa ni mtu.

Basi walimu wenzangu, tusisahihishe insha pekee. Mwanafunzi anayemwita mwenzake kiwete kile amekosea sarufi na utu kwa pamoja, na kosa la pili ndilo zito zaidi.