Mzee Ojwang Hatari: Mjaluo wa TV, Mkikuyu wa ukweli

Wasee wa Kite na Kajiado, hebu uliza mathe ama buda kuhusu Vitimbi ya KBC. Mzee Ojwang akitokea tu, hajasema kitu, nyumba nzima imeshaanza kucheka. Wengi wangeapa huyu jamaa ni Mjaluo. Wapi! Alikuwa Benson Wanjau, Mkikuyu, na ile lafudhi ilikuwa kazi yake tu. Hiyo ndiyo acting bana. Bibi yake wa kwa TV, Mama Kayai, ni Mary Khavere.

Shida ni doh. Alichekesha Kenya miaka mingi, lakini uzeeni macho yaligoma na ikabidi Wakenya wamchangie pesa ya operesheni. Nimonia ilimmaliza 12 Julai 2015, hospitali ya Kenyatta, akiwa na miaka 78.