Speke: jamaa aliyechemsha maji akapata kimo cha Ziwa Victoria

Leo nawaletea habari za John Hanning Speke. Najua wengi mtasema huyu tulishamalizana naye shule ya msingi: Mzungu, mwaka 1858, eti akagundua Ziwa Victoria, tukajibu mtihani, tukasahau. Hilo la kugundua mimi silikubali, maana watu walikuwa wanavua samaki humo miaka na miaka kabla yake. Alichofanya Speke ni kupima. Na vipimo vyake ndivyo vilivyomletea sifa, ugomvi na aibu pia.

Jamaa alizaliwa tarehe 4 Mei 1827 huko Devon, Uingereza. Mwaka 1844 akaingia jeshi la Kampuni ya India Mashariki, akapigana vita vya Punjab, likizo zake akawa anazimalizia milimani Himalaya akiwinda na kuchora ramani. Mwaka 1855 akiwa na Richard Burton pale Berbera, pwani ya Somalia, walivamiwa usiku. Speke alichomwa mikuki zaidi ya mara kumi, akakimbia na majeraha yake. Mwingine angeacha kabisa mambo ya Afrika. Yeye Desemba 1856 alikuwa Zanzibar tena na Burton yule yule.

Mwaka 1857 msafara ukatoka pwani ukapita huku kwetu: mbuga ya Makata, halafu bonde la mto Mkondoa, halafu milima ya Usagara. Ndiyo, Mkondoa huu huu ulioifurika Kilosa mwanzoni mwa 2010. Wazungu wote wawili walikuwa hoi kwa homa, wanabebwa na punda. Aliyeshika mambo kwa upande wa Speke ni Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyewahi kuuzwa utumwani India na kurudi.

Sasa ona ilivyokuwa. Speke ana futi, inchi na maili zake kwenye daftari, lakini msafara mzima unaendeshwa kwa vipimo vyetu. Mzigo ulipimwa kwa frasila, yaani ratili 35, kama kilo 16 hivi, na mpagazi aliweza kubebeshwa mpaka frasila mbili. Nguo za merikani na kaniki zilipimwa kwa mkono, kuanzia kiwiko mpaka ncha ya kidole cha kati. Mikono minne ni shuka, mikono minane ni doti. Chakula kilikwenda kwa kibaba na pishi, vibaba vinne pishi moja. Hongo kwa watemi ililipwa kwa doti. Na kwa kuwa mkono ni mkono wa mtu, hapo lazima ujiulize unapima mkono wa nani! Mwenye mkono mrefu akipima, muuza nguo analia. Mkulima wa mahindi aliyewahi kujaziwa lumbesa na mnunuzi, halafu akalipwa bei ya gunia moja, hahitaji kuelezwa zaidi.

Turudi kwa jamaa. Februari 1858 wakafika Ziwa Tanganyika, lakini Speke macho yalikuwa yanamuuma, alikuwa haoni vizuri. Kama haitoshi, akiwa huko ziwani mdudu akamwingia sikioni, akamchokoa kwa kisu kidogo. Sikio likaoza, likawa halisikii. Waliporudi Kazeh, yaani Tabora, Burton akabaki kupumzika, Speke akaenda kaskazini na Bombay. Tarehe 3 Agosti 1858, akiwa Mwanza, akaliona lile ziwa kubwa.

Hapo ndipo akachemsha maji. Msidhani ni chai. Ukipanda juu hewa inakuwa nyepesi na maji yanachemka mapema. Kila mita 300 hivi, joto la kuchemkia linapungua kama digrii moja ya Selsiasi, ndiyo maana mlimani maharage yanagoma kuiva. Kwa hiyo ukichovya kipimajoto kwenye maji yanayochemka, unapiga hesabu unajua uko juu kiasi gani kutoka usawa wa bahari. Tatizo ni kwamba vifaa vyao vizuri vilikuwa vimeharibika njiani, kimebaki kipimajoto cha kawaida, kile cha maji ya kuogea! Akapata futi 3,740, kama mita 1,140. Kimo tunachokijua leo ni kama mita 1,134. Kakosea mita sita tu, si mchezo.

Ila msimpe sifa zote. Ziwa Tanganyika waliliandika futi 1,844, kama mita 562, wakati liko karibu mita 773. Kwa hiyo naona ile ya Mwanza ilikuwa na bahati ndani yake. Na Burton aliing'ang'ania hiyo baadaye, akasema vipimo vya Tanganyika haviaminiki, kwa hiyo huenda Nile inatoka huko. Speke akashikilia inatoka ziwa lake. Akatangulia kufika London Mei 1859, akatangaza habari mbele ya Chama cha Jiografia kabla Burton hajafika. Urafiki ukaisha hapo.

Mwaka 1860 akarudi na James Grant kuthibitisha. Huko Karagwe, kwa Mfalme Rumanyika, wanawake wa ikulu walinyweshwa maziwa mpaka wanenepe wasiweze kusimama. Speke akatoa futi yake akampima shemeji wa mfalme: mkono inchi 23, kifua inchi 52, paja inchi 31. Ili mama akubali, ilibidi jamaa naye afunue mikono na miguu yake myeupe aonwe. Wengine wanacheka wakisoma. Mimi sicheki. Alikuwa mgeni aliyekaribishwa vizuri, akaenda kuyachapisha maumbile ya mke wa watu kitabuni kwa inchi.

Tarehe 28 Julai 1862 alisimama pale maji yanapotoka ziwani kuingia Nile, karibu na Jinja, akapaita Ripon. Lakini hakuufuata mto wote hatua kwa hatua, na hakulizunguka ziwa. Burton akaipata nafasi. Mdahalo ukapangwa tarehe 16 Septemba 1864 mjini Bath. Siku moja kabla, Speke alikwenda kuwinda, akawa anapanda ukuta wa mawe, bunduki yake ikamlipukia kifuani. Uchunguzi ukasema ni ajali, wengine mpaka leo wanasema alijiua. Alikuwa na miaka 37.

Mwaka 1875 Stanley alilizunguka ziwa kwa mashua akakuta ni ziwa moja kweli, na maji yanatokea pale pale. Maporomoko ya Ripon yenyewe hayaonekani tena, yalizamishwa na bwawa la Owen Falls lililofunguliwa 1954.

Sasa wadau, kuna mwenye bibi au babu huko Chanzuru anayekumbuka pishi na kibaba? Andika hapo chini kibaba chenu kilikuwa chombo gani hasa, maana kila ninayemuuliza ananionyesha ukubwa tofauti.