Aliyezaliwa Mtumwa Akaitwa Siti

Mtoto wa kike akizaliwa kwetu Pwani hayakosi maneno juu ya jina lake. Bibi mzaa mama ana lake, shangazi ana lake, na maalimu akiulizwa naye ana la kusema. Mtoto huadhiniwa sikioni, na ikitimu siku ya saba, mwenye uwezo akachinja akika, jina huwa limekwisha kutoka. Wengine huitwa kwa mabibi watukufu wa dini: Khadija, Fatuma, Mwanaisha, Zainabu. Wengine huitwa kwa saa au siku waliyozaliwa, ndipo tukawa na kina Chausiku na Mwanajuma. Wako walioitwa kwa mpango wa kuzaliwa, Pili na Tatu, na wako walioitwa kwa hali iliyowakuta wazazi wakati ule: Tabu, Shida, Bahati, Riziki. Majina ya mabinti wa mji ni kama daftari. Ajuaye kulisoma hujua watu wa mji huo walikuwa wakila nini na wakilia nini.

Leo, msomaji mpenzi, nataka tulizungumze jina moja tu, nalo ni Siti. Na kwa kuwa jina pasipo mtu ni upepo, tutalizungumza kwa maisha ya mwanamke aliyelifanya likajulikana kuanzia Unguja mpaka Bombay, marehemu Siti binti Saad, mwimbaji wa taarabu. Ila yatupasa tuanze na jina jingine, maana Siti hakuzaliwa Siti. Alizaliwa karibu na mwaka 1880 katika kijiji cha Fumba, kusini magharibi ya kisiwa cha Unguja, na jina alilopewa na wazazi wake lilikuwa Mtumwa.

Wako wanaosimulia maisha yake wakalipita jina hilo mbiombio, kama apitaye mlango wa mdai. Wanaona haya kwa niaba yake. Mimi sioni sababu ya haya, na tena naona ya kwamba alifichaye jina la kwanza hawezi kueleza la pili lilikuwa na uzito gani.

Kwa lugha peke yake jina hilo halina ubaya. Mtumwa ni mtu anayetumwa, na kitendo hicho hicho cha kutuma ndicho kilichotupa neno Mtume, ambalo hatulitaji bila ya kuswali na kusalimu. Nani asiyemjua Abdallah? Na Abdallah kwa Kiarabu ni nini kama si mtumwa wa Mwenyezi Mungu? Hata hivi leo Unguja na Pemba utawakuta watu, wanawake na wanaume, waitwao Mtumwa, na wazazi wao hawakuwa na nia ila ya unyenyekevu mbele ya Mola wao.

Lakini tusijidanganye. Unguja ya mwaka 1880 haikuwa mahali ambapo neno hilo lingesemwa likasikika kwa maana ya ibada tu. Soko la watumwa lilifungwa mwaka 1873, Sayyid Barghash alipobanwa na Waingereza akatia sahihi. Biashara ya kuwaleta kwa bahari ikapigwa marufuku, ila waliokuwa mikononi mwa mabwana waliendelea kumilikiwa. Sheria ya kuufuta utumwa wenyewe ilitoka mwaka 1897, na masuria wakangoja mpaka mwaka 1909. Karafuu za visiwani zilichumwa na mikono hiyo. Babake mtoto, Mzee Saad, asili yake Mnyamwezi. Mamake asili yake Mzigua. Wote wawili wazaliwa wa Unguja. Basi msichana wa watu wa bara, katika kisiwa cha mabwana na watwana, kuitwa Mtumwa kulikuwa ni kuonyeshwa mahali pake pa kukaa.

Na jina la baba nalo lina habari yake. Saad maana yake heri, bahati njema. Zamani lilikuwa mojawapo ya majina waliyopenda mabwana kuwapa watumwa wao, pamoja na Mabruki, Faraji na Baraka. Mtu amenyang'anywa kila kitu, kisha akaitwa Heri. Wallahi mwanadamu ana mambo.

Fumba ni kijiji cha watu wa bahari na wafinyanzi. Mtumwa binti Saad alifunzwa na mamake kufinyanga, na alipokuwa mkubwa akawa akichukua vyungu na mitungi kwenda kuuza, akitembea kwa miguu, mzigo kichwani. Shule hakuisoma. Chombo chake cha biashara kilikuwa koo. Alitembeza vyungu kwa kuimba, na sauti ikafika mahali ambapo mwenyewe hakuwa ameonekana bado. Anayezijua nyumba zetu za zamani atafahamu faida yake: wanawake wako ndani, katika utawa, ukuta ni mnene na dirisha ni juu. Muuzaji asiye na sauti atapita na vyungu vyake mpaka magharibi asiulizwe bei.

Mwaka 1911 akauhama ushamba akaingia mjini, akakaa Ng'ambo. Mji wa mawe ulikuwa upande mmoja wa hori, nyumba za udongo na makuti upande wa pili, na huko ndiko waliko waliotoka mashamba baada ya uhuru wao, wachukuzi, wafuaji, wapishi na wavuvi. Kila mmoja alikuja na kitu alichotaka kukivua. Wanawake waliitupa kaniki, ile nguo nyeusi iliyowatambulisha kuwa watumwa, wakajifunga leso za rangi, na baadaye wakavaa buibui kama wanawake wa kiungwana. Na watu walibadili majina pia. Hili halishangazi, mtu aliyepewa jina na bwana, siku bwana alipoondoka, lile jina linamngoja nini?

Mjini alikutana na Ali Muhsin, mtu wa taarabu, aliyesikia katika sauti ile kitu ambacho wanunuzi wa vyungu walikuwa wakikipata bure. Akamfunza kuimba kwa taratibu ya muziki na kwa Kiarabu. Ieleweke ya kuwa taarabu wakati huo ilikuwa mali ya wakubwa. Sayyid Barghash, aliyetawala tangu mwaka 1870 hata 1888, ndiye aliyeileta kutoka Misri, na akampeleka kijana wa Unguja, Mohamed Ibrahim, huko Misri akajifunze kupiga ganuni. Mwaka 1905 waungwana wa mji wakaunda chama chao, Ikhwani Safaa, ambacho kingali hai. Waimbaji walikuwa wanaume, na lugha ilikuwa Kiarabu, kilichopendwa hata na wasiokielewa.

Katika uwanja huo akaingia mwanamke, mfinyanzi, mtu wa shamba. Aliandamana na wapigaji hodari: Subeti bin Ambar, Budda bin Mwendo, Maalim Shaaban, na Mbaruk Effandi Talsam ambaye asili yake ni hapa kwetu Mombasa. Walicheza kwa Sultani Khalifa bin Haroub na kwa matajiri wa Kihindi na Kiarabu, na wakacheza Ng'ambo kwa watu wao, barazani, usiku ukikucha. Kiarabu alikiimba, lakini mwujiza wake ulikuwa Kiswahili. Taarabu iliyokuwa ya kusikilizwa kwa adabu ikawa ya kueleweka.

Ndipo likaja jina. Siti ni Kiarabu cha watu, si cha vitabu. Wajuzi wa lugha husema limefupishwa kutoka sayyidati, yaani bibi yangu, mwenye enzi juu yangu. Wamisri walipotaka kumtukuza mwimbaji wao Umm Kulthum walimwita Es-Sitt basi, wala hawakuhitaji kuongeza. Neno hilo limesafiri na dini na majahazi hadi visiwa vya Malay, na huko mabinti wengi mno huitwa Siti. Kwetu Lamu na Siyu daraja hiyo ilikuwa na neno lake la Kibantu, nalo ni Mwana, la kina Mwana Kupona. Kwa ufupi Siti ni jina la upande wa pili wa nyumba: ni mtumwa ndiye amwitaye bibi yake hivyo.

Hapa ndipo ninapotaka msomaji asimame kidogo. Aliyeitwa Mtumwa sasa anaitwa Bibi Yangu, na wanaomwita ni mji mzima, pamoja na wale ambao baba zao walimiliki watu wa namna ya babake. Hakuandikiwa cheo na Sultani, wala hakuolewa katika nyumba kubwa akaridhi jina la nyumba. Hakudai nasaba ya uongo pia, ijapokuwa siku zile nasaba zilikuwa zikishonwa kama kofia. Angeweza kulitupa jina la baba pamoja na lile la utotoni. Hakulitupa. Alibaki binti Saad, na kila aliyesikia Saad alijua. Siti mbele, Saad nyuma. Bibi wa mji, binti wa mtu wa shamba.

Si wote waliomeza. Wahasidi walimtungia wimbo wa kumkumbusha kaniki aliyoingia nayo mjini na kumwambia kuwa kama si sauti angekufa njaa. Na uso wake pia ukatiwa ila, kwa kuwa hakuwa mzuri wa sura kwa macho ya walimwengu. Alijibu kwa wimbo, kama ilivyo ada ya washairi wa Pwani. Kwa maneno yangu mimi, alijibu kwamba sura na ukoo si kitu, aliyepungukiwa ni asiye na akili. Jibu halikuwa na tusi hata moja. Nao waliomtukana, angalia, hawakuwa na jina jingine la kumtukana nalo. Ili wamdharau iliwabidi kwanza wamtaje, na katika kumtaja wakawa wamekwisha kusema bibi yangu.

Mwaka 1928 wakasafiri kwenda Bombay kutia sauti katika sahani za santuri. Hakuna mwanamke wa Afrika Mashariki aliyemtangulia katika jambo hilo. Sahani zilirudi na meli zikaenea mwambao wote na bara, na jina lililoandikwa juu yake ni lile lile, Siti binti Saad. Watu wasiojua kusoma walijifunza kulitambua umbo la maandishi hayo wapate kununua sahani isiyo ya mtu mwingine.

Aliyoyaimba hayakuwa mapenzi tu. Aliimba juu ya waume wapigao wake zao, na juu ya mahakama ambazo mwenye fedha hutoka na maskini hubaki. Wimbo wake wa Kijiti unahusu mwanamke mgeni kutoka Dar es Salaam aliyeuawa Unguja. Mwuaji akavuka bahari akaponyoka, walioadhibiwa wakawa mashahidi. Wako wazee wetu walioona kuwa mwanamke kuyaimba hayo hadharani ni ukosefu wa haya. Nami nauliza: nani mwingine katika mji ule angeyasema? Magazeti yalikuwa ya serikali na ya matajiri. Ng'ambo gazeti lake lilikuwa Siti.

Tuliosoma chuoni tulifunzwa kwamba mzazi ana wajibu wa kumpa mwana jina jema, na kwamba jina baya hubadilishwa. Imepokewa kuwa Mtume, rehema na amani zimshukie, alimkuta binti wa Sayyidna Umar akiitwa Asiya, kwa herufi za ain na swad, maana yake mwasi, akamwita Jamila. (Wenye mabinti waitwao Asia wasitaharuki, hilo la mke mwema wa Firauni ni kwa alifu na sini, ni jina jingine kabisa.) Lakini Jamila alibadilishiwa jina lake kwa neno moja la Mtume wa Mungu. Wa Fumba ilimbidi alifanyie kazi miaka mingi, tena kwa koo. Na kwa rai yangu halikubadilishwa jina baya kwa jema. Limebadilishwa jina alilowekewa kwa jina alilolichuma, na hayo ni mambo mawili.

Katika siku zake za mwisho Sheikh Shaaban Robert wa Tanga alimwendea akamsikiliza, na kutokana na mazungumzo hayo akauandika Wasifu wa Siti binti Saad. Kitabu kilitoka mwandishi akiwa hai, mwaka 1958, lakini mwenye wasifu hakukiona: alifariki tarehe 8 Julai 1950, Mungu amrehemu. Msichana mmoja aliyekuwa akinyemelea kumsikiliza akiimba, Fatuma binti Baraka, aliiendeleza kazi ile mpaka alipofariki mwaka 2013. Yeye dunia ilimjua kwa jina la Bi Kidude, maana alizaliwa mdogo kama kidude; na jina hilo nalo, la utani wa ndani ya nyumba, akalipeleka Ulaya likapigiwa makofi.

Wanawake waandishi wa habari wa Tanzania walipoanzisha jarida lao mwaka 1988, miaka 38 baada ya mazishi, waliliita Sauti ya Siti, na hawakuhitaji kueleza ni Siti yupi. Na mwaka 2020 ikatoka Unguja sahani ya nyimbo zake zilizoimbwa upya. Aliyeziimba ni kitukuu chake. Wazazi wake walipokaa kulitafuta jina la mtoto wao wa kike, hawakwenda mbali: anaitwa Siti, Siti Muharam.