Ida Lupino: Alipokatazwa kuigiza, akajifunza kuelekeza

Demu huyu alizaliwa London mwaka wa 1918, familia ya wasanii. Kule Hollywood, alipokataa kuigiza filamu asizozipenda, studio ya Warner ilimsimamisha kazi. Hakukaa bure. Alitumia nafasi hiyo kuwatazama waelekezi wakichapa kazi.

Mwaka wa 1949, moyo ulimsumbua mwelekezi wa Not Wanted, Elmer Clifton. Ida akashika usukani, akaimaliza filamu, ila jina lake halikuandikwa kama mwelekezi. Mwaka uliofuata akatoa Outrage, kuhusu msichana aliyebakwa, mada ambayo Hollywood iliiogopa. Kisha The Hitch-Hiker, 1953, kwa bajeti ndogo tu.

Alifariki 1995. Wewe unayengoja kuitwa ukaigize, hebu jifunze kamera pia.