Krapf: Mzungu aliyeshrabu jina la nchi yetu

Umewahi kuchekwa ndani ya matatu kwa sababu neno la Kiingereza limekutoka vibaya, r ikakaa mahali pa l? Mtaani tunaita hiyo kushrabu, na vijana wengi hapa Thika na Ruiru huona heri wanyamaze kuliko waaibike. Kabla hujanyamaza, hebu soma habari za Johann Ludwig Krapf.

Jamaa alizaliwa 1810 huko Derendingen, Ujerumani. Kiingereza hakikuwa lugha ya mamake, ila shirika la wamishonari lililomtuma Afrika, CMS, lilikuwa la Uingereza. Alikaa kwanza Ethiopia, kisha akaingia Mombasa 1844. Julai mwaka huohuo homa ikamuua mkewe, Rosine, na siku chache baadaye binti yao mchanga. Wengine wangefunga virago. Krapf alibaki, akazidi kuwauliza watu majina ya vitu na kuandika kila neno jinsi sikio lake lilivyolishika.

Desemba 3, 1849, akiwa Kitui kwa Kivoi, mfanyabiashara Mkamba, aliona mlima wenye theluji. Ni uleule unaouona ukiwa Thika asubuhi anga ikiwa safi. Wakikuyu huuita Kirinyaga, Wakamba Kiinyaa. Krapf akaandika mara Kenia, mara Kegnia. Yaani alishrabu!

Huko London msomi Cooley alikataa katakata kwamba theluji inaweza kukaa karibu na ikweta. Joseph Thomson alikuja kuuona mlima huo 1883, lakini Krapf alikuwa ameshafariki Novemba 1881.

Mwaka 1920 koloni likapewa jina la mlima. Waingereza wakawa wanalitamka Kiinya, na baada ya uhuru matamshi yetu ya leo ndiyo yakashika.

Kamusi yake ya Kiswahili ilichapishwa London 1882, yeye hayupo. Hebu fikiria: maneno ya Kiswahili cha Mombasa, yamefafanuliwa kwa Kiingereza, na Mjerumani! Hadi leo watafiti huifungua kutafuta maneno ambayo hayasikiki tena.

Sasa wewe unaogopa nini? Kiingereza chenyewe kimejaa mitego. Chukua colonel: l ya kwanza haitamkwi kabisa. Kiswahili kilifuata sauti, kikaandika kanali, mambo yakaisha. Hata Ruiru yetu, Mkikuyu huzitamka u zake zikielekea o, ilhali mgeni husoma tu herufi alizoziona kwenye kibao.

Kwa hivyo ukikutana na neno geni, uliza maana yake, litamke, ukirekebishwa rudia. Wakikucheka, waambie watoe kitambulisho wasome jina la nchi lililoandikwa pale juu.