Rabi Leo Baeck, Mchungaji Asiyeliacha Kundi Lake

Kila mkatekumeni anayejifunza habari za Agano la Kale amesikia majina ya Abrahamu, Musa na Isaya. Watu wa ukoo wao, ndio Wayahudi, wangalipo hata leo, nao humwabudu Mungu mmoja, Muumba wa mbingu na nchi. Tangu mwaka 1941 hata 1945 watawala wa Ujerumani walitaka kuwafuta kabisa duniani. Wakaua watu wapata milioni 6, waume kwa wake, wazee na watoto wachanga. Baada ya msiba wa namna ile, Myahudi aliyebaki hai aliwezaje kusali tena? Maisha ya Rabi Leo Baeck ni jibu mojawapo.

Leo Baeck alizaliwa tarehe 23 Mei 1873 katika mji wa Lissa, uliokuwa wakati ule chini ya Wajerumani, na sasa ni mji wa Polandi. Baba yake alikuwa rabi, maana yake mwalimu wa dini ya Kiyahudi, anayewafafanulia watu Torati. Mtoto akaifuata kazi ya baba. Alisoma Breslau na Berlin, akawa rabi mjini Oppeln mwaka 1897, halafu Düsseldorf, na tangu mwaka 1912 katika mji mkuu wa Berlin. Katika vita vya 1914 alifuatana na askari wa Ujerumani, akiwafariji waliojeruhiwa.

Mwaka 1905 alitoa kitabu juu ya kiini cha dini ya Kiyahudi. Mkristo mmoja mwenye elimu kubwa, Adolf von Harnack, alikuwa ameandika juu ya kiini cha Ukristo, na dini ya Wayahudi wa wakati wa Yesu akaidharau. Baeck alimjibu kwa adabu na kwa hoja. Baadaye alieleza mafundisho yake kwa maneno mawili: siri na amri. Mungu ni siri, wala akili ya mwanadamu haiwezi kumfikia. Lakini Mungu huyu huyu hutoa amri, na amri yake yaeleweka: utende haki, umpende jirani. Ni kama mtu apitaye mwituni usiku na kienge cha moto. Mwisho wa mwitu hauoni, lakini mahali pa kuweka mguu anapaona.

Mwezi wa Januari 1933 Adolf Hitler alishika utawala wa Ujerumani. Wayahudi wa nchi ile, watu wapata 500,000, wakaanza kunyang'anywa kazi, shule na haki zao zote. Ndipo walipounda baraza moja la kuwatetea, wakamchagua Baeck awe mkuu wake. Mwaka 1935 aliandika sala ya kusomwa katika masinagogi yote usiku wa kuanza Siku ya Upatanisho, ambayo Wayahudi hufunga na kutubu. Katika sala hiyo Wayahudi waliungama dhambi zao mbele ya Mungu, lakini masingizio ya adui zao wakayakataa waziwazi. Watawala waliikataza sala ile, wakamtia Baeck kifungoni. Baadaye wakamwachilia.

Mke wake akafariki mwaka 1937. Mwezi wa Novemba 1938 masinagogi yakachomwa moto nchini kote. Zaidi ya nusu ya Wayahudi walikimbilia nchi za kigeni, na binti yake Baeck akaenda Uingereza. Baeck naye aliitwa mara nyingi na rafiki zake wa ng'ambo, wakamwahidi kazi na makao ya salama. Akakataa. Alisema kwamba maadamu wamebaki Wayahudi katika Ujerumani, mahali pake ni pamoja nao.

Asubuhi ya tarehe 27 Januari 1943 polisi walikuja kumchukua. Alikuwa na miaka 69. Aliomba muda kidogo, akamwandikia binti yake barua ya kumwaga, tena akalipa deni lake la taa na la moto wa kupikia. Kisha akaenda nao. Waliokuwa wakimwonea hawakujali haki hata kidogo, lakini yeye hakutaka kuondoka na deni la mtu.

Alipelekwa Theresienstadt, mji wenye ngome katika nchi ya Wacheki, uliogeuzwa kuwa kifungo cha Wayahudi. Watu zaidi ya 140,000 walipitishwa humo. Wapata 33,000 walikufa pale pale kwa njaa na magonjwa, na wengine zaidi ya 85,000 wakapelekwa mbele kwenye kambi za mauti. Baeck alipewa namba badala ya jina, akawekwa kuvuta gari la takataka pamoja na wenzake. Wakivuta, walizungumza habari za manabii na za wenye hekima wa kale. Usiku alifundisha darini, gizani, na mamia ya wafungwa walisongamana kumsikiliza. Tumbo lilikuwa tupu, lakini walikumbuka kwamba wao ni watu.

Mwezi wa Agosti 1943 mfungwa mmoja alimpasha habari ya kutisha: waliopelekwa Auschwitz walikuwa wakiuawa kwa hewa ya sumu. Baeck alihangaika sana moyoni. Je, awaambie wote? Akafikiri kwamba kuishi kila siku ukingojea kifo cha namna ile ni kugumu kuliko kifo chenyewe, tena wengine huchaguliwa kwa kazi, nao huenda wakapona. Basi akanyamaza. Baada ya vita watu wengine walimlaumu vikali, wakasema kwamba kama wangalijua, wangalijaribu kujificha au kupigana. Wengine walimtetea. Lawama hiyo haijaondoka hata leo. Hata mtu mwema aweza kufika mahali ambapo kila njia ina uchungu.

Mwezi wa Mei 1945 askari wa Urusi waliwafungua wafungwa. Baeck aliwazuia wenzake wasiwaue walinzi kwa kulipa kisasi. Homa kali ya tifusi ilikuwa imeenea katika mji, na hata alipoletewa nafasi ya kwenda London, hakukubali kuondoka mara moja, bali alikaa kwanza na wagonjwa. Alitoka mwezi wa Julai. Dada zake kadhaa walikuwa wamekufa katika kifungo kile kile.

Miaka iliyofuata alifundisha Uingereza na Marekani, na mwaka 1948 akafika tena Ujerumani. Wayahudi wengi waliuliza Mungu alikuwa wapi, na wengine wakaacha kusali. Baeck hakudai kuijua siri hiyo. Hakufundisha kwamba waliouawa walikuwa wakosefu kuliko wengine, wala kwamba Mungu amelivunja agano lake. Katika kitabu chake cha mwisho juu ya taifa la Israeli, alichoandika sehemu yake kifungoni, alionyesha jinsi taifa lile lilivyoangushwa mara nyingi likainuka tena, kwa sababu amri ya Mungu haikuondolewa juu yake. Sehemu ya kwanza ilitoka mwaka 1955. Ya pili ilitoka mwaka 1957, naye hakuiona, kwa maana alifariki London tarehe 2 Novemba 1956, siku ambayo Wakatoliki huwaombea marehemu wote.

Mwaka 1965 Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulifundisha kwamba si haki kuwatwika Wayahudi wote kosa la kifo cha Kristo, tena ulisikitikia chuki yote iliyoelekezwa kwao. Kila mkatekumeni ayashike mafundisho hayo.

Msomaji mpendwa, ukifika penye matanga, usijisumbue kutafuta maneno ya kueleza kwa nini Mungu ameruhusu msiba ule. Teka maji, chanja kuni, keti na wafiwa. Na kama una deni la mtu, ulilipe.